Baba na Injini ya Mount Shengena

Miezi mitatu nilishinda nyumbani Tanga na kamera ya mtumba, nikitaka kutengeneza filamu ya baba, nisiambulie kitu. Kila nikimgusia baba habari za Mombasa, jibu lilikuwa moja: "Yalishapita hayo." Kisha anawasha redio.

Nina dada Mombasa, mkubwa kwangu. Nimemjua nikiwa mtu mzima. Baba alikuwa fundi wa Reli ya Afrika Mashariki, na Jumuiya ilipovunjika mwaka 1977 akarudi kwao Tanzania, mke na mtoto wakabaki huko. Mpaka ukafungwa hadi 1983. Ulipofunguliwa, alishamwoa mama. Kupitia mpakani Horohoro ni safari ya saa chache tu, lakini hakuwahi kuifunga.

Kosa lilikuwa langu. Nilimkalisha kama mshitakiwa: taa usoni, karatasi ya maswali mkononi mwangu. Nani angefunguka hapo?

Siku moja nikaacha maswali. Nilizima feni na friji zisivume kwenye sauti, nikautia ufunguo wa pikipiki ndani ya friji (usipofanya hivyo utasahau kuiwasha tena, utaondoka samaki wa mama waoze). Nikambana baba kinasa sauti kidogo kwenye ukosi, kamera nikaiweka kando juu ya kabati. Halafu nikampa picha ya injini ya mvuke niliyopiga kwenye jumba la makumbusho ya reli Nairobi, nikasema kwa makusudi kwamba injini zile za klasi 59 zilipewa majina ya magavana.

"Nani kakudanganya? Magavana ni klasi 60. Hizi ni milima!" Akaisogeza picha karibu na macho. "Hii 5930, Mount Shengena. Wa kwetu huu, Upare. Nimeitia grisi kwa mikono hii."

Akaendelea, sikumkatiza. Kutoka grisi akafika kwenye nguo zilizochafuka, kutoka nguo akafika kwa aliyezifua. Jina lake alilitaja kwa sauti ya chini, kisha la mtoto. Alisema alitaka kuandika barua, kila mwaka aliona amechelewa zaidi. Kidole chake kikawa kinasugua pembe ya picha mpaka ikakunjika.

Mama akachungulia kutoka jikoni. Moyo ukanidunda. "Nilijua kabla hujazaliwa," akaniambia. "Zima hicho kidude, chai inapoa." Sikuzima. Sauti yake imo kwenye filamu, kwa ruhusa yake.

Fomu ya idhini baba aliisoma yote, akasaini, akaongeza kwa kalamu: binti yake aione kabla ya mtu yeyote.

Nikapanda basi na kompyuta mapajani. Dada aliitazama kimya dakika zote 22, leso mkononi, hakuitumia. Ilipokwisha akasema, "Mbona amekonda hivi? Huko hamumlishi?"