Nilivyoweka vibao vya Kiswahili kwenye filamu bubu ya Oscar Micheaux

Oscar Micheaux, mwongozaji filamu Mweusi wa Marekani, alikuwa mwandishi wa riwaya kabla ya kushika kamera. Kampuni ya Lincoln Motion Picture ilipotaka kitabu chake The Homesteader, aling'ang'ania kuiongoza filamu mwenyewe. Hawakuafikiana, akaanzisha kampuni yake kwa kuwauzia hisa wakulima wa Sioux City, Iowa, na mwaka 1919 filamu ikatoka. Within Our Gates ilifuata mwaka 1920, nayo ndiyo niliyoitia vibao vya Kiswahili, yaani maandishi yanayotokea kati ya picha kueleza maneno na matukio.

Nakala iliyopo ilipatikana Uhispania ikiitwa La Negra. Vibao vinne tu vya Kiingereza vilisalimika. Vilivyobaki vilirudishwa kutoka Kihispania. Kwa hiyo sikuona sababu ya kuufuata Kiingereza hicho neno kwa neno. Nilichokilinda ni nani anasema nini, na amekijuaje.

Filamu ina dakika 79 hivi. Niliorodhesha kila kibao: kinaanza lini, kinaisha lini, kina sekunde ngapi. Muziki umeshapangwa juu ya picha, basi ukirefusha kibao kimoja, kila kinachofuata kinachelewa. Kipimo changu ni herufi 13 kwa sekunde, nafasi zikihesabiwa. Kibao cha sekunde 6 kinabeba herufi 78. Kiswahili kinabana mengi katika neno moja, lakini "hatukumwambia" peke yake ni sekunde nzima.

Cha kupunguza kwanza ni vyeo na majina yaliyokwisha kutajwa. Tarakimu usiziguse. Katika filamu, Piney Woods, shule ya watoto Weusi, inahitaji dola 5,000, na Bi Warwick, mwanamke tajiri, anatoa 50,000. Ukiiacha ile ya kwanza, ukarimu wake haupimiki.

Efrem, mtumishi mmbea wa Gridlestone, tajiri mwenye mashamba, anaeneza kwamba Jasper Landry, mkulima Mweusi, ndiye aliyemuua bwana wake. Niliandika "Landry kamuua Gridlestone" badala ya "amemuua". Herufi iliyookolewa ni moja tu, ila "kamuua" ndiyo sauti ya mtu anayekimbiza habari. Kiswahili kibovu sikumpa, wala mhusika mwingine yeyote. Lafudhi ya Weusi wa Kusini mwa Marekani haina mwenzake kwetu, na kukivunja Kiswahili kungewafanya wachekwe pale Micheaux alipotaka wasikilizwe.

Panapoharibika zaidi ni kwenye habari ya gazeti. Tumeshaona risasi ikipigwa na Mzungu mwenye kinyongo kupitia dirishani. Kisha Micheaux anatuonyesha mauaji yale yale upya, safari hii Landry ndiye muuaji, kama gazeti lilivyodai. Hapo ndipo naona kipaji chake cha uandishi: uongo kaupa picha kamili. "Gazeti liliandika kwamba" lina herufi 24, na mkono unawasha kulifuta. Likifutwa, mtazamaji anamhukumu Landry pamoja na wale waliomnyonga.

Baada ya hapo nilimpa msomaji asiyeijua filamu asome kila kibao kwa sauti, kwa mwendo wa kawaida. Akikatwa kabla ya neno la mwisho, naandika upya. Kupunguza ukubwa wa herufi hakumwongezei muda.

Kabla ya kuweka vibao, hakikisha kasi ya fremu ya mradi, yaani idadi ya picha kwa sekunde, ni ile ile ya faili la filamu. Faili la fremu 24 kwa sekunde likichezwa kwa 25, linaisha dakika tatu mapema, na vibao vya mwisho vinaangukia picha zisizo zao.