Nilivyopatanisha sauti na picha ya filamu ya Vitaphone

Mimi kazi yangu kuediti video za harusi, na hakuna kitu kinanikera kama mdomo na sauti kupishana. Sasa juzi kati nikapata klipu ya zile filamu fupi zenye sauti za Vitaphone za Marekani, kampuni ya Warner Bros. walianza kuzionyesha New York Agosti 1926, walikuwa wanachukua wasanii wa vodevili, yani yale maonyesho ya jukwaani anatoka mchekeshaji anaingia mpiga banjo mara mtu wa sarakasi, wanawarekodi wakifanya mambo yao. Roy Smeck alikuwemo kwenye shoo ya kwanza kabisa na gitaa lake la Kihawaii, yule jamaa balaa.

Klipu yangu ni ya mtu anaimba halafu anacheza tapu, vile viatu vya vyuma chini. Picha faili lake, sauti faili lake. Kumbe enzi hizo nayo ilikuwa hivyohivyo! Sauti haikuwa kwenye mkanda, ilikuwa kwenye santuri ya inchi 16, sindano inaanzia karibu na katikati inakwenda nje, opereta wa projekta anaiweka penye mshale wa santuri, mkanda nao kwenye fremu ya kuanzia, yani ile picha moja moja ya mkanda, halafu anamwachia Mungu.

Nikaanza na kisigino cha kwanza kugonga sakafu, kama ninavyotumiaga makofi ukumbini. Dakika moja tu picha ishatangulia sekunde mbili na nusu hivi. Nikajua faili bovu, nikaibana sauti weee mpaka jamaa anaimba kama katuni, usiku mzima umeisha. Kosa langu mwenyewe bana, nilikuwa nimeseti fremu 25 kwa sekunde kwa mazoea ya harusi, hizi filamu ni 24. Nikabadilisha ikatulia.

Ikafika dakika ya nne picha ikaruka. Mkanda uliwahi kukatika wakauunga, fremu zikapotea, sauti yenyewe haina habari inaendelea zake. Nikahesabu visigino kimoja kimoja, fremu 13 hazipo, nikachomeka 13 nyeusi. Baadaye nasoma nakuta maopereta wenyewe walitakiwa wafanye hivyohivyo, kila kipande kinachotoka kirudishiwe cheusi cha urefu uleule, la sivyo mwimbaji anafumba mdomo wimbo bado unaendelea.

Sasa hivi mguu uko hewani, giza nusu sekunde, mguu chini, ta!