Yule Binti wa Nyumbani kwa Naamani

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa.

Wiki hii nimeamka na uzito moyoni. Kwenye ibada ya shukrani ilisomwa karatasi ya majina: wafadhili, wageni, kamati. Sare za kwaya zilizosifiwa na kila mtu nilizishona mimi, usiku, watoto wakiwa wamelala. Sikutajwa. Nimeomba, nimeimba, na bado linauma.

Katika kuomba nikamkumbuka Theresa Harris, mwigizaji wa sinema za kale za Marekani, aliyezaliwa Houston, Texas, mwaka 1906. Alijua kuigiza, alijua kuimba. Lakini Hollywood ya miaka ya 1930 na 1940 ilimwona mwanamke mweusi ikamvika aproni: fungua mlango, pokea koti, itikia, ondoka. Alifanya kazi hiyo filamu baada ya filamu, na katika nyingi jina lake halikuandikwa kabisa. Katika Professional Sweetheart ya 1933, Ginger Rogers ni nyota wa redio na Theresa ni mtumishi wake. Humo humo mtumishi anafika mbele ya maikrofoni na kuimba badala ya bibi yake, na anaimba hasa! Orodha ya waigizaji ikapita bila jina lake.

Halafu ipo Out of the Past ya 1947. Mpelelezi anamtafuta mwanamke aliyetoroka. Anamkuta Theresa, aliyekuwa mtumishi wa mwanamke huyo, kwenye klabu ya Harlem, New York, amependeza, amekaa mezani na mwenzake, safari hii hana aproni. Anamkinga bibi yake wa zamani: amekwenda Florida, anasema. Ila anataja pia kwamba bibi alichanjwa na chanjo ikamsumbua. Mpelelezi anapata alichotaka, kwa kuwa Florida haiendewi kwa chanjo. Bibi amevuka kwenda Mexico. Mazungumzo mafupi tu, na filamu nzima inaanzia safari pale. Hapo pia jina lake halimo.

Mnajua ninakokwenda. 2 Wafalme 5. Naamani, jemadari wa Shamu mwenye ukoma, tunamjua; nabii Elisha tunamjua; hata Gehazi, mtumishi wa Elisha, na tamaa yake tunamtaja kwa jina. Lakini nani alifungua habari ile? Binti mdogo, mateka, mtumishi wa mke wa Naamani. “Laiti bwana wangu angekuwa pamoja na yule nabii aliyeko Samaria!” Basi. Hatumwoni tena, na hakuna mahali alipoitwa kwa jina. Jemadari akaoga Yordani akatakasika kwa sababu mtoto aliyenyang’anywa nyumbani kwao hakukubali uchungu umfunge mdomo. Dada yangu unayedeki kanisa Jumamosi, kaka unayebeba spika, shika Waebrania 6:10: Mungu si dhalimu hata aisahau kazi yenu. Mimi naishika wiki hii kwa mikono miwili.

Lakini viongozi wetu wapendwa, msilifanye andiko hilo kuwa maficho. Mungu kutosahau hakuwapi ninyi ruhusa ya kusahau! Wale wenye studio walijua vizuri sauti ile ni ya nani. Walichagua kutoandika. Paulo alikuwa na makanisa mengi kichwani na minyororo ikimngoja, na bado katika Warumi 16 akamtaja Fibi, akamtaja Prisila, akamtaja Persisi aliyejitahidi sana katika Bwana. Hata Tertio, aliyeshika kalamu, akapewa nafasi atie salamu zake mwenyewe. Sisi tunashindwaje, na mshereheshaji ana saa nzima?

Kabla ya sikukuu ya mavuno, mzee wa kanisa mmoja azunguke na daftari. Aende jikoni penye masufuria, aende kwa mlinzi wa getini, aende kwa wanaofua vitambaa vya madhabahu. Na asiandike “Mama Neema” akaondoka. Amwulize mwenyewe jina lake la ubatizo na la baba yake, ayaandike yote mawili, na Jumapili yasomwe kabla ya majina ya wageni.