Lusifa hayumo

Nilipokuwa na miaka 16 niliwekeana dau na kaka yangu: atakayeshindwa ataosha vyombo vya nyumba nzima kwa wiki mbili. Yeye alishikilia kuwa jina Lusifa limo kwenye Biblia. Mimi, kwa ubishi tu, nikasema halimo. Hakika sikuwa nayo hata chembe. Tangu utotoni nilikuwa nikilisikia mahubirini, jina la malaika aliyeponzwa na kiburi.

Tuliipekua Biblia yetu ya Kiswahili jioni nzima. Shetani tukamkuta, Ibilisi tukamkuta, hata Beelzebuli yumo. Lusifa hola. Kaka akadai nimeruka kurasa makusudi.

Kesho yake tukamwendea padre mmoja mzee aliyesoma Kilatini ujanani.

"Baba, tuamulie," kaka akasema.

Padre alimfungulia Isaya 14:12 asome: "Jinsi ulivyoanguka kutoka mbinguni, Ewe nyota ya alfajiri, mwana wa asubuhi!" Kisha akashusha kitabu kizito, Biblia ya Kilatini ya Mtakatifu Yeronimo, akaweka kidole kwenye mstari uleule. Penye nyota ya alfajiri paliandikwa *lucifer*, kwa herufi ndogo.

"*Lux* ni mwanga, *ferre* ni kubeba," alisema. "Mbeba mwanga. Ni Zuhura hiyo, wanangu, mnayoiona kabla jua halijachomoza."

Akatufafanulia polepole. Kiebrania kinasema *helel*, yenye kung'aa, na anayezomewa hapo, ukianzia mstari wa 4, ni mfalme wa Babeli aliyetaka kuketi juu ya nyota. Wafafanuzi wa kale wakaja kuusoma mstari huo pamoja na Luka 10:18, Yesu anaposema alimwona Shetani akianguka kama umeme. Basi nyota ikageuzwa jina la mtu. Tafsiri ya Kiingereza ya mwaka 1611 ikaliacha kama lilivyo, kwa herufi kubwa. Wafasiri wetu wakarudi kwenye nyota, na mimi naona walitenda haki, ingawa wahubiri wengi hawakushtuka.

Padre akaendelea, sasa anafurahia. Katika karne ya 4 kulikuwa na askofu wa Cagliari, mji wa Italia, aliyeitwa Lucifer, wala hakuna aliyekimbia. "Na usiku wa Pasaka, mbele ya mshumaa, mnajua Kilatini huimba nini?" Akaimba kwa sauti ya kukwaruza: *lucifer matutinus*, nyota ya asubuhi isiyotua, na anayetajwa hapo ni Kristo.

Kaka aligeuka kutazama mlango, kama mtu anayehofia kukutwa mahali pabaya.

Njiani akapata tena ujasiri. "Umeona? Limo."

"Kwa Kilatini!"

"Kwani tulitaja lugha, mdogo wangu?"

Vyombo tuliviosha kwa zamu, kila mmoja akijiita mshindi.