Mkate Usiogeuzwa

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa. Somo la wiki hii ni mstari mmoja tu, Hosea 7:8, lakini mwenye nafasi asome sura nzima, maana nabii ameingia nayo jikoni. Kuna tanuri humo, kuna mwokaji, kuna unga unakandwa na kuachwa uumuke. Katikati ya hayo yote anasema Efraimu ni mkate usiogeuzwa.

Kwa miaka mingi nilikuwa naupita mstari huo bila kusimama. Nimekuja kuuelewa Desemba iliyopita, ufukweni Pangani, kwenye kambi ya vijana, nikiwa nimechuchumaa mbele ya mafiga matatu na harufu ya kitu kinachoungua puani.

Nilikuwa napika mkate wa kumimina. Mimi nimekulia Tanga mjini, Ngamiani, nyumba ya kupanga yenye ua mmoja, na mkate huo nilifundishwa na bibi jirani yetu, Mwislamu, ambaye kila Ramadhani alihakikisha sahani imefika kila mlango. Sisi Wakristo wa ua ule tulikuwa tunafuturu mwezi mzima bila kufunga hata siku moja. Bibi aliloweka mchele usiku kucha, akausaga na tui zito, akatia sukari, iliki na hamira, akafunika na kanga. Uji ule ukishaumuka na kutoa mapovu anaumimina kwenye sufuria iliyopakwa mafuta na kupata moto. Basi. Haukandwi, hausukumwi, hautaki kibao. Ni mkate wa mtu aliye na nazi, mchele na subira, na nitakuja kwenye hiyo subira.

Kambini sikuwa na mchele wa kuloweka. Nilibeba unga wa mchele wa kusaga mashine, kilo mbili (bibi angenicheka), na nazi sita. Vijana walikuna nazi, dada mmoja akakamua, na saa tisa mchana ndoo yetu ilikuwa imefunikwa na kukalishwa juu ya mchanga uliopigwa na jua. Mchanga ule unaumua kuliko jiko lolote. Saa kumi na nusu uji ulikuwa umepanda, mapovu yanapasuka taratibu juu kama tope la mikokoni maji yakitoka.

Kuni ndizo hazikuwepo.

Nilikuwa nimewatuma vijana wawili tangu saa nane. Wakaja karibu saa kumi na mbili, nywele zinachuruzika maji ya bahari, na mzigo mmoja wa matawi mabichi ya mvinje. Uji wa hamira haumsubiri mtu. Ukipitiliza unachacha na kushuka, na mkate unatoka na ladha ya togwa. Nilijua hivyo, na nikawaambia hivyo, lakini sikuishia hapo. Nilisema na mengine, kwa sauti, mbele ya wenzao, yakiwemo maneno juu ya kijana mdogo wa wale wawili na malezi ya kwao. Hayo sitayaandika hapa. Wenzake walicheka. Yeye akaweka kuni chini akaondoka.

Nikawasha kwa hasira. Matawi mabichi yakatoa moshi, nikaongeza makumbi ya nazi, nayo ni moshi juu ya moshi, mpaka nilipotupia majani makavu ndipo ndimi za moto zikapanda hadi nusu ya sufuria. Saa moja na nusu nilitakiwa kuongoza sala ya jioni. Nikamimina, nikafunika, nikachochea.

Aliyewahi kupika kitamu juu ya moto wa kuni anajua kilichofuata. Mkate wa chumvi unakusamehe kidogo. Wenye sukari hausamehe. Sukari ndiyo inayotangulia kuungua, inageuka kahawia, halafu nyeusi, halafu chungu, wakati unga wa juu bado haujapata hata habari kwamba kuna moto. Kwa dakika chache nilikuwa na sufuria ambayo chini ni mkaa na juu ni uji.

Na hapa ndipo Hosea alipo. Neno la Kiebrania analolitumia ni uga, mkate wa bapa uliookwa juu ya makaa au mawe ya moto. Ndilo neno linalotumika Sara alipoharakisha kuwapikia wale wageni watatu wa Ibrahimu. Eliya aliombwa, tuseme, hapana, yeye ndiye aliyemwomba mjane wa Sarepta amwandalie uga mdogo kwanza, na mjane yule alikuwa anaokota kuni mbili tu. Eliya huyohuyo alipochoka mpaka akaomba kufa chini ya mti, aliamshwa na malaika akakuta uga juu ya makaa na chombo cha maji karibu na kichwa. Siku hizi Waisraeli keki wanaiita hivyohivyo, uga. Mkate wa tanurini unabandikwa ukutani, joto linauzunguka, huhitaji kuugeuza. Wa juu ya makaa usipougeuza unapata upande mmoja uliokufa na upande mmoja mbichi, na hakuna mwenye kuula.

Efraimu ni ufalme wa kaskazini, Samaria, na ukitaka kuona jinsi ulivyokuwa unaungua fungua 2 Wafalme 15. Wafalme wanauana kama wanapokezana kijiti: Shalumu anamuua Zekaria, Menahemu anamuua Shalumu, Peka anamuua Pekahia, Hoshea anamuua Peka. Menahemu anampa mfalme wa Ashuru talanta 1,000 za fedha amwache akae kitini, na kila tajiri anatozwa shekeli 50. Upande huo, wa siasa, wa mikataba, wa kukimbilia Misri asubuhi na Ashuru jioni, ulikuwa motoni usiku na mchana. Upande wa pili, ule ambao Hosea anaulilia sura baada ya sura, fadhili na kumjua Mungu, ulikuwa unga mbichi. Mwaka 722 KK Samaria ikaanguka. Ila kinachoniuma mimi ni mstari wa 9, unaofuata mara moja: mvi zimeanza kuonekana kichwani pake, naye hana habari. Mkate haunusi harufu yake wenyewe. Wanaonusa ni waliokaa upande upepo unakoelekea.

Mama mmoja wa kwaya, anayesimamia jiko letu kila kambi, alikuja na kufunua mfuniko. Akachungulia. Hakusema pole wala hakunicheka.

"Mwalimu," akasema, "ulitaka kuugeuza?"

Nikamwambia ndiyo, nilikuwa natafuta sahani.

"Huu haugeuzwi. Ukiugeuza unamwagika. Huu unapaliwa."

Aibu iliyonishika! Bibi jirani alinifundisha hilo nina miaka kumi. Mama yule akazivuta kuni zote nje ya mafiga, akabakisha makaa matatu manne yaliyofifia chini. Akaagiza vifuu, akaviwasha pembeni mpaka vikawa vyekundu bila ulimi wa moto, kisha akamimina sufuria ya pili na kuanza kuvipanga juu ya mfuniko wa bati. Chini kidogo, juu kingi. Ndiyo kanuni yenyewe. Kwa Kiswahili cha mjini ukisema fulani amenipalia makaa, watu wanajua umechongewa kwa mtu. Jikoni kwa bibi ilikuwa kinyume: kisichopaliwa hakiivi.

Nimelifikiria jambo hili tangu Desemba. Nabii alihitaji mkate ugeuzwe, na mahubiri mengi niliyoyasikia juu ya toba yanasema hivyohivyo, geuka. Ni kweli. Lakini kuna hali ambayo mtu hana upande mgumu wa kugeuzia. Juu yake ni uji mtupu, ukimpindua anamwagika, na moto wake mwenyewe wa chini, ule wa juhudi na ratiba na kujitoa, kadiri anavyouchochea ndivyo anavyozidi kuungua palepale palipokwisha kuungua. Mtu huyo hahitaji kuni nyingine. Anahitaji moto kutoka juu, na mtu wa kupunguza wa chini.

Nasema "mtu huyo" kana kwamba simjui. Saa moja na nusu niliongoza sala ya jioni. Sauti yangu ni nzuri kwa sala, nimeambiwa hivyo tangu ujana. Niliwaombea vijana wetu, nikaomba Mungu awalee, na nikalitumia neno hilohilo, malezi, bila hata kustuka. Waliitikia amina. Kijana yule alikaa mwisho kabisa wa mkeka, nje ya mwanga wa moto, akichora mchangani kwa kidole. Baada ya sala niliikwangua ile sufuria yangu ya kwanza, nikakata mkaa wa chini kwa kisu, nikapanga vipande vilivyokuwa na afadhali kwenye sinia, uso mzuri juu. Vilipendeza. Mtoto wa mchungaji akachukua kimoja, akatafuna, akakirudisha kwenye sinia pale alipokitoa.

Katika Mambo ya Walawi 2 sadaka ya unga ina namna tatu za kupikwa: tanurini, kwenye kikaango, na kwenye sufuria. Halafu mstari wa 11 unakataza chachu na asali zisiteketezwe juu ya madhabahu. Mkate wangu ungekataliwa kwa yote mawili, una hamira na una utamu. Sababu ya katazo hilo haikuandikwa, na sitaki kuitunga. Najua tu kwamba utamu wangu ndio ulioungua kwanza jioni ile, na kwamba niliendelea kuuonyesha watu.

Wapendwa, nawaachia swali moja la kukaa nalo wiki hii, na msilijibu haraka: ni nani aliye upande wa upepo wako? Anayekaa nawe nyumbani, anayekufulia, unayemtuma, unayempigia simu bila salamu.

Nilimfuata kijana wakati sufuria ya tatu inamiminwa. Alikuwa amesimama na mwenzake karibu na mtumbwi uliopandishwa nchi kavu. Niliwaomba radhi wote wawili, kisha yeye peke yake, kwa maneno yaleyale niliyoyatamka, nikiyataja moja baada ya jingine ili asidhani naomba radhi kwa jumla. Mkubwa alicheka akasema yameisha, mwalimu. Mdogo alisema, "Sawa." Alikuwa anaangalia bahari.

Sikujua la kuongeza. Nikamuuliza kama angependa kupalia. Akainua mabega, lakini akaja. Mama wa kwaya akampa koleo bila kuuliza kitu, na kijana akachuchumaa akaanza kuhamisha vifuu vyekundu, kimoja kimoja, akivipanga juu ya mfuniko kuanzia ukingoni kuelekea kati, kwa utulivu wa mzee anayegawa kete za bao. Harufu ya iliki na nazi ikaanza kutoka, safari hii bila moshi ndani yake.

Nilisimama karibu naye kitambo. Mwishowe akaniambia, bila kuinua kichwa, nisogee, namzibia upepo.

Nikasogea.