Sendofu ndizo zilizonilipia filamu yangu

Ukitaka kuishi kwa filamu za makala ukiwa Mbeya, kubali kushuti sendofu, sherehe za kumuaga bibi harusi. Mimi nilikubali. Jumamosi nyingi nimezimalizia kumbini Mwanjelwa na Soweto, kamera begani mpaka saa saba usiku, na sioni haya kusema hivyo. Harusi ndiyo shule yangu. Pete huvishwa mara moja; usipokuwa umesimama pale inapopasa, imekupita. Jicho hilohilo ndilo ninalokwenda nalo vijijini.

Kazi nyingine ni video za kilimo: parachichi za Rungwe na Njombe, viazi, chai. Shirika moja lilikaa na hela yangu miezi minane, nikauza tripodi nzuri ili nilipe kodi ya nyumba. Tangu hapo siwashi kamera kabla sijapokea nusu ya malipo. Na kila malipo nayamega: fungu moja ni la filamu yangu, haliguswi hata mtoto akidaiwa sare. (Hilo limenigombanisha na mke wangu, na bado nalishikilia.)

Filamu yenyewe inahusu wazee waliojenga reli ya TAZARA, kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam mpaka Kapiri Mposhi, Zambia, kazi iliyoanza mwaka 1970. Vijana waliopasua milima kati ya Mlimba na Makambako leo ni wazee sana, na kila msimu tunawazika.

Mzee wa kwanza nilimkuta karibu na Tukuyu. Nilianza kwa mtendaji wa kijiji na barua yangu ya utambulisho, tripodi ikiwa bado garini. Mzee akakaa sebuleni, nikambania kimaiki kwenye kola ya koti. Dakika kumi na tano hivi akawa anasimulia handaki: giza, vumbi la baruti, mwenzake aliyekuwa akiimba ili wajue yuko hai. Mara mvua ikashuka juu ya bati. Kwenye hedifoni nikasikia ngoma tupu, sauti ya mzee imezama. Sikuwa na ujasiri wa kumkatiza.

Niliporudi baada ya wiki mbili akaniambia, "Mwanangu, hayo si nilishakueleza?" Akasimulia kwa kifupi, kwa Kiswahili cha kikaoni. Mwimbaji hakumtaja kabisa. Iliniuma sana.

Mara ya tatu nilifika asubuhi na mapema, maana mvua ya kule hupenda mchana. Mimi ni Mhehe wa Iringa, Kinyakyusa changu hakizidi salamu, lakini nilimwambia, "Ugonile, tata." Akacheka, akahamia Kinyakyusa, na mikono yake ikaanza kuchimba hewani. Sikuelewa neno. Niliacha kamera iende. Baadaye kijana wa jirani alikaa nami kwenye kompyuta, sentensi moja moja, jioni kwa jioni, mpaka alipoinua kichwa: "Hapa anaimba ule wimbo wa mwenzake."

Filamu ilipokamilika nilitundika shuka jeupe kwenye ukuta wa ghala la kijiji, nikawasha jenereta mbali, nyuma ya migomba, isitusumbue. Mzee alikaa mbele, blanketi mabegani. Treni ilipopiga honi akanyoosha fimbo, akaomba nirudishe nyuma. Nikarudisha. Akaomba tena.