Vile vijiti vya nota viliniingia kichwani, mimi mtu wa solfa

Mimi naimba teno kwa kwaya moja hapa Kisumu, upande wa Kondele, na kama wengi wetu huku magharibi nimekua na solfa, yaani kusoma wimbo kwa herufi za do, re, mi. Niandikie d m s kwa ubao nakuimbia hapo hapo, hata piano sihitaji. Hii solfa yenyewe ilianzia Uingereza karne ya 19, Sarah Glover akaibuni, John Curwen akaitengeneza zaidi na kuieneza, wamishenari wakaibeba hadi huku na mpaka leo ndio inaendesha kwaya zetu, kwa hivyo mtu asikuambie ni ya washamba. Lakini ukweli ni kwamba kuna siku utapewa karatasi ya stafu pekee (ile mistari mitano ya kuandikia nota), haina hata herufi moja ya solfa hapo chini, na japuonj, mwalimu wetu wa kwaya, anataka muisome tu. Kwetu ilikuja hivyo tukijiandaa kwa tamasha, na mimi sikutaka kungoja tu mtu aniimbie ndio nifuate.

Nikaingia YouTube, bando ikaenda. Walimu wa huko karibu wote wanasema kitu kimoja: nota ikiwa chini ya mstari wa katikati, kijiti chake, yaani kale kamstari ka wima, kinapanda na kinatokea upande wa kulia wa kichwa, ile duara ya nota, ikiwa juu ya huo mstari kijiti kinashuka na kinatokea kushoto, na ikikalia mstari wenyewe wa tatu mara nyingi kinashuka. Urefu wa kijiti ni kama oktava moja, yaani umbali wa do mpaka do inayofuata. Sawa, hiyo si ngumu. Shida ni nilipofungua kitabu cha nyimbo cha kanisa chenye stafu, naona nota iko juu kabisa na kijiti bado kinapanda, nyingine iko chini kabisa na kijiti kinashuka, yaani kinyume kabisa na vile nimefundishwa, na ukurasa mzima uko hivyo. Nikaanza kushuku kitabu.

Aliyenitoa hapo ni mzee mmoja wa besi, mtu hata YouTube haangalii. Aliweka kidole kwa stafu ya chini akaniambia, "Omera, wewe si ni teno? Basi vijiti vyenye vinaangalia juu ndio vyako. Vyangu vinaangalia chini. Usiniguzie." Nikamuuliza, "Na hizi za stafu ya juu, Mzee?" Akasema, "Hizo ni za kina mama. Soprano juu, alto chini."

Kumbe ni hivyo tu! Ile sheria ya mstari wa katikati ni ya sauti moja ikiwa peke yake kwenye stafu. Sauti mbili zikikaa stafu moja, kama kwenye nyimbo nyingi za kanisa, kijiti kinaacha kuangalia mstari na kinakuwa kitambulisho cha mwenye sauti, ya juu vijiti vyake vinapanda daima, ya chini vinashuka daima, hata nota iwe wapi. Chukua wimbo ulio kwa ufunguo wa C, mwishoni teno wanaimba do na besi wanaimba do ya oktava ya chini. Do ya teno inakaa kwenye kamstari kadogo juu ya stafu ya besi, ingekuwa peke yake kijiti kingeshuka, lakini hapo kinapanda. Do ya besi iko nafasi ya pili kutoka chini, peke yake kijiti kingepanda, hapo kinashuka. Na ukiona kichwa kimoja chenye vijiti viwili, kimoja juu na kingine chini, usifikiri printa imechafua, hiyo ni sauti mbili zimekutana kwa nota moja. Hata alama za kunyamaza zinafuata mpango huo, ya teno inasukumwa juu kidogo na ya besi inashushwa, ndio kila mtu ajue nani ananyamaza.

Halafu kitu ingine, mahali kijiti kinaelekea hakuna uhusiano na urefu wa nota. Kuna rafiki yangu wa alto alikuwa anadhani vya kushuka vinaimbwa haraka. Hapana. Urefu unasomwa kwa kichwa na kwa bendera, ule mkia wa kijiti. Kwa wimbo wa 4/4, kichwa cheupe bila kijiti ni semibrevu, mapigo 4. Kichwa cheupe na kijiti ni minimu, 2. Kichwa cheusi na kijiti ni krocheti, pigo 1. Krocheti ikiongezwa bendera inakuwa kweva, nusu pigo, na hiyo bendera huwa upande wa kulia wa kijiti hata kijiti kikiwa kinashuka. Kweva zikifuatana bendera zinaunganishwa kwa ufito mmoja.

Mimi sikukariri hayo, nilikuwa nachukua wimbo naujua kwa solfa naweka kando ya stafu nalinganisha. Kwa mfano tunaandika d :-.r tukimaanisha do inashikwa pigo moja na nusu halafu re inaingia nusu ya mwisho. Kwa stafu hiyo ni krocheti yenye nukta kando yake, ikifuatwa na kweva, kwa sababu nukta inaongeza nusu ya urefu wa nota. Nilipoona hiyo moja, nyingine zilikuja zenyewe. Ila nukta ikiwa juu au chini ya kichwa, si kando, hapo inamaanisha uikate fupi, usichanganye.

Sasa kutafuta do iko wapi, hii kwangu ndio ilikuwa tamu zaidi maana watu wa solfa tuko mbele hapo. Angalia shapu (alama za kupandisha nota nusu hatua) zilizo mwanzo wa stafu, ile ya mwisho kulia ni ti. Ziwe mbili, F na C, basi C shapu ni ti na do inakuwa D. Zikiwa flati, zile za kushusha nusu hatua, ya mwisho ni fa, na kama ziko mbili au zaidi ile ya pili kutoka mwisho ndio do yenyewe. Flati tatu ni B, E, A, kwa hivyo do ni E flati (kama wimbo ni wa meja, wa maina do inakaa hapo hapo lakini nyumbani, pale wimbo unatulia, ni la). Shapu au flati ikitokea katikati ya wimbo inafanya kazi mpaka mwisho wa baa hiyo pekee, yaani mpaka mstari wa wima unaofuata.

Alama zingine nilizipita haraka. Ile mistatili miwili ya kunyamaza, ya mapigo 4 inaning'inia chini ya mstari wa nne ukihesabu kutoka chini, ya mapigo 2 inakalia mstari wa tatu. Kipinde kikiunganisha nota mbili zinazofanana, kama do na do ile ile, unaimba mara moja na kushikilia, kikipita juu ya nota tofauti unaziteleza kwa pumzi moja.

Siku hizi nachukua nyimbo zetu za Dholuo zenye ziko kwa solfa pekee naziandika stafu kwa MuseScore, programu ya kuandika nota, ni ya bure. Soprano naweka sauti ya 1, alto sauti ya 2, na programu inageuza vijiti yenyewe, ya kwanza juu ya pili chini. Kuna mahali nataka kijiti kiangalie upande mwingine, nabonyeza X kinageuka. Japuonj ameniomba nimalizie za Pasaka kwanza, na mzee wa besi amesema atakagua vyake kimoja kimoja.